Mama wa Kifini Aliyekataa Kuyasifia Maji

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Barua hii naianza na kuiacha, maana siku hizi situlii mahali. Hapo Ujiji mnaendeleaje? Mguu umepungua kuuma? Sisi huku Lubumbashi ni wazima, na ujauzito wangu unakua vizuri, alhamdulillahi.

Kulikuwa na mama mmoja Mzungu wa Kifini, Aino, aliyepanga chumba uani kwetu hapa Katuba. Ni mchoraji, ila hata kwao hajulikani, anasema mwenyewe huku anacheka. Rangi hujitengenezea kwa udongo wa vijito, na kila kijito lazima aulize kinatoka wapi na nani anamwaga nini humo. Mara mojamoja huigiza kwenye filamu: mpita njia, muuguzi, maiti. “Maiti iko kazi muzuri,” aliniambia. “Unalala tu.”

Juzijuzi vijana wa mtaa walikuja kupiga filamu yao. Wakamwomba awe mke wa tajiri, nami nikamshonea gauni. Alitakiwa asimame kwenye kijito nyuma ya bustani yangu, achote maji kwa kiganja, aseme, “Mayi ya huku iko muzuri.” Akachota, akayatazama, akayamwaga.

“Siwezi sema ile.”

Mwongozaji, kijana mpole, akambembeleza. “Mama, ni filme tu.”

“Bantu bataona muzungu anasema mayi iko muzuri, bataamini,” akajibu Aino; bantu huku ndio watu, Mama. “Nilipanda mpaka kule juu, kwa mugodi. Banamwaga mayi ya madini, majani yote imekauka.”

Mwongozaji akanigeukia mimi. “Mama fundi, basi sema weye. Unatumia hii mayi kila siku.”

Watu wote wakanitazama. Na kweli nayatumia, Mama. Ndiyo niliyokuwa namwagilia lengalenga, mchicha wa huku, tunayokula. Nikawaacha wamesimama, nikaingia bustanini nikaanza kung'oa.

Mume wangu Ramazani aliporudi alikuta matuta matupu. “Tutakula nini sasa?” akauliza. Nikamsimulia aliyoyaona Aino. Akachimba shimo akaifukia ile mboga yote, mbuzi wa jirani wasije wakaila.

Filamu waliimaliza bila kijito. Aino amerudi kwao. Kabla ya kuondoka hakuniambia nihame; aliniuliza tu kama nina mahali pengine. Tangu hapo nikikaa kwenye cherehani nasimama, nikisimama natoka nje, nikitoka sijui nilifuata nini. Ramazani anataka tuhamie Sakania kwa kaka yake. Mimi nataka kuja kujifungulia kwako, lakini naogopa kumwacha peke yake, na naogopa kubaki.

Nisalimie baba mdogo Hamisi, shangazi Mwajuma aliyenifundisha kushona, na mdogo wangu Asha. Ramazani anakuamkia, mama mkwe.

Safari hii usinitumie dagaa, Mama. Nitumie neno moja tu: nije?

Mwanao akuombeaye afya,
Zuhura