Kaka Aliyenifunza Kulenga

Al Thumama, Doha
9 Machi 2013

Kwa dada yangu mpendwa Nyaboke,

Pokea salamu nyingi kutoka huku kwenye vumbi. Mwili wangu ni mzima, ila kichwani sijielewi hata kidogo. Mama anaendeleaje na mgongo wake? Na wale wasichana wako wa netiboli pale shuleni, bado wanakuja mazoezini na ndala?

Ningekupigia simu, lakini ukinikatiza katikati ya habari hii nitanyamaza kabisa, nawe nakujua. Ndiyo maana nimeandika. Charity, yule nesi wa Keroka, anakuja likizo na atakupa barua hii mkononi.

Nilikuambia chuo chetu kimeanzisha timu yake ya kwanza ya wanaume ya mpira wa kikapu. Sikukuambia niliingiaje. Kocha wetu, Mlebanoni mmoja asiyejua kuongea polepole, aliniona kwenye foleni ya chakula, akanipima kwa macho kuanzia viatu hadi nywele, akaniuliza kama nimewahi kucheza. Nikasema ndiyo. Hakuuliza nilicheza nini! Aliposema kwamba wachezaji watasomeshwa bure, nilikubali hapo hapo, maana mjomba alikuwa ameshanionya kwamba muhula huu ndio wake wa mwisho kunisaidia karo, na baada ya hapo nirudi nyumbani.

Dada, mazoezi yalikuwa aibu tupu. Kila nikidaka mpira nasimama tuli, mguu mmoja umeganda chini, natafuta wa kumpa. Wenzangu wananipita mbio wakidunda, kocha anapiga kelele yalla, yaani haya twende, dunda, tembea! Nikitumwa kumkaba mtu, narudi nyuma namwachia nafasi, mikono juu, kama ulivyonifunza. Jamaa ananizunguka, anaenda kufunga huku anacheka. Halafu kuna ule ubao nyuma ya ringi. Kocha anataka tuugongeshe mpira ndipo uingie. Mimi ubao nautoa wapi? Ringi yetu nyuma ya jikoni ilikuwa ukingo wa ndoo juu ya mti, basi.

Kuna Omondi wa Kisumu, Mkenya mwenzangu pekee kwenye timu. Wengine walidhani mimi ni mzito tu, lakini yeye alinitazama mazoezi mawili, akanivuta pembeni, akaniuliza kama huko Kisii nilikuwa nacheza na kina dada. Alicheka mpaka akakaa chini. Nilimwomba afunge mdomo, naye akaufunga, ila tangu siku hiyo ananiita Shangazi.

Basi tukapangiwa mechi na chuo kimoja cha Muaither, na kocha akasema baada ya hapo atajua nani abaki na nani aondoke. Nikajua mimi ni wa kuondoka. Nilikaa benchi hadi karibu na mwisho, mwenzetu mmoja akateguka kifundo, nikaingizwa. Nikadaka mpira, nikasimama kama kawaida yangu, na mtu akanivaa mzima mzima. Tulikuwa nyuma kwa pointi moja, nikapewa mitupo miwili ya bure.

Pale kwenye mstari hakuna kudunda. Hakuna wa kunikaba. Wallahi nilikaribia kucheka, maana kwa mara ya kwanza nilielewa ninachofanya. Nilikunja magoti, nikainua mpira juu ya kichwa, nikautuma kwa vidole. Wa kwanza ukatumbukia bila kugusa chochote. Wa pili vilevile.

Tulishinda, wakanibeba, dada. Kocha akauliza mbele ya wote ni nani aliyenifunza kulenga namna ile. Nilimwona Omondi anatabasamu, nikaogopa kuchekwa siku ile ile niliyobebwa. Nikasema ni kaka yangu.

Sina kaka, na wewe unajua. Nina wewe tu.

Sasa sikia balaa. Kocha ameomba chuoni, wamekubali kumleta huyo kaka kabla ya mashindano ya vyuo, atufunze sote mitupo ya bure. Tiketi ni yao. Tangu niambiwe sijui nicheke au nilie. Nakumbuka mwaka ule timu yenu ilipokuwa inaenda Kampala, Baba akasema msichana hatarukaruka nchi za watu. Mkoba wako ulikaa mlangoni umefungwa, mpaka Mama akautumia kuwekea maharagwe. Nilikulilia siku hiyo. Na sasa mimi mwenyewe nimekuacha mlangoni tena. Naona aibu, dada. Nisamehe.

Jana nilimwendea kocha nikamweleza kwamba kaka ni dada, na mchezo ni netiboli. Nikaanza kupanga mizigo kichwani. Kisha akaniuliza jambo moja tu: kama huyo dada ana pasipoti.

Unayo? Kama huna, kaombe. Na umwambie Mama atoe maharagwe kwenye mkoba.

Msalimie sana, na majirani wote. Omondi naye anamsalimia Shangazi wa kweli.

Ni mimi mdogo wako akupendaye,
Joram