Jipu la Mguu wa Kushoto

Dada yangu mpenzi,

Huku hatujambo, na paa limeacha kuvuja. Bado niko hospitalini, kazi yangu ni kuupa kila ugonjwa namba yake. Jana faili lililofika mezani kwangu lilikuwa la Mama, aliyelazwa hapa juzi: jipu la unyayo, mguu wa kushoto. Dada, kumbe jipu la kulia lina namba yake na la kushoto lina yake! Hata huko uliko, karani asiyemjua Mama akiiona namba ile atajua ni mguu upi unaouma.

Chini yake daktari alikuwa ameongeza neno moja: kisukari. Alipolitumbua jipu, Mama hakusikia maumivu hata chembe, na kwa kuwa kisukari huua hisia za miguu, ndipo akampima damu. Nilikimbilia wodini.

"Usinililie," Mama akaniambia. "Daktari kasema tumewahi, mguu haukatwi. Lisingeota jipu hili, ningejuaje?"

Akauinua mguu wenye bandeji, akautazama kama mgeni aliyeleta heri. Nikaushika kwa mikono miwili. Dada, ulikuwa na joto la uzima.

Ni mimi, kitindamimba wenu.