Sura ya Waliotangulia

Mtani wangu Paskali,

Nimechoka. Ningeanza kwa salamu ndefu kama tulivyolelewa, lakini wewe huulizwi tena habari za nyumbani, na za kwangu sina nguvu ya kuzipamba. Tangu tukuzike, kila anayenikuta hapa Zinga ananipa pole, kisha anataka kujua ulikuwa nani kwangu hasa, mimi Mkwere wa msikitini na wewe Mnyamwezi wa kanisani. Nikisema mtani, wanacheka. Nikisema rafiki, naona mwenyewe haitoshi. Juzi muuza duka kaniuliza tena, nikachukua sukari yangu nikaondoka bila kumjibu.

Siku ya mazishi nilishindwa kazi yangu. Mtani ana haki zake msibani, na mimi nilikuwa nimejipanga. Nilitaka nisimame mbele ya jeneza nizuie usizikwe, niseme Wanyamwezi walifika Bagamoyo na mizigo kichwani na huyu bado hajatua wake, aamke kwanza autue. Watu wangecheka, shemeji Leokadia angepumua kidogo. Nikafungua mdomo, nikalia. Nililia mbele ya wakwe zako, mtani mzima, na mjane ndiye aliyenishika mkono akaniketisha. Sijui kama umewahi kuona utani ulioharibika vile.

Sasa habari ya kitabu, maana najua ungeiulizia kabla ya habari ya watoto. Kipo. Kile cha kuwafundishia makatekista wako jinsi Wakristo wa mwanzo walivyokutana na falsafa ya Wayunani, wewe ukiandika na mimi, mwalimu mstaafu wa Kiswahili, nikinyoosha lugha. Leokadia aliyatia makaratasi kwenye mfuko wa unga na kuyaweka juu ya kabati, panya wasiyafikie. Kwenye baraza lenu la nyuma nimekaa mara moja tu tangu uondoke. Paka alikuwa kwenye kiti chako na hakuna aliyemfukuza. Nilikunywa chai nusu kikombe, nikaaga.

Unakumbuka tulivyogombana kwa ajili ya neno moja, na neno lenyewe ni “neno”? Ulisema Wayunani walikuwa na logos, na ndani yake mlikuwa na usemi, hoja, sababu, na ule utaratibu unaoishikilia dunia isisambaratike. Wakristo wa mwanzo wakalichukua, wakasema huyo ndiye Kristo. Wewe ukaona “Neno” la Kiswahili ni jembamba mno, ni kitu cha kuandikwa ubaoni na kufutwa. Ulitaka “Hekima”. Mimi nilibisha mpaka nikachoka, nikakuachia.

Kisha ikatokea ile ya mama. Nilikupeleka Kiwangwa kumwamkia, msimu wa mananasi. Ukala kila ulichowekewa, ukambebea ndoo, ukamsikiliza akilalamikia ngedere wanaomaliza muhogo wake. Tulipokuwa tunaaga akaniambia mbele yako, “Baba, mgeni wako huyu hana neno.” Njia nzima ulinyamaza, nikadhani nanasi limekukata ulimi. Masika yakaja yakapita ndipo ukaniuliza, kwa sauti ya mtu anayeungama, mama yangu alijuaje kwamba huna Neno. Ukasema ni kweli, siku zile ulikuwa husali vizuri, lakini yeye aliliona wapi?

Nilicheka mpaka nikakaa chini. Mwalimu wa dini mzima, umebeba hukumu ya bibi wa Kikwere miezi yote ile, kumbe mwenzio amekusifu! Kwetu asiye na neno ni mtu mwema, hana shida na mtu, hana la kulaumiwa. Wewe hukucheka. Ukauliza, kwa hiyo neno kwenu ni jambo pia? Ni sababu? Ni hoja? Nikakwambia ndiyo, tukisema hapa pana neno tunamaanisha pana sababu, na mtu akiwa na neno nawe ana shauri anataka mlizungumze. Ukachukua peni, ukaanza kuifuta “Hekima” ukurasa baada ya ukurasa. Ukasema sisi wa Pwani tumekaa na logos mdomoni miaka yote bila habari.

Kwenye neno tulipatana. Kwenye sura ya tatu hatukupatana mpaka umekufa.

Ile ya waliotangulia. Yule mzee wa Athene aliyenyweshwa sumu na mji wake kwa kuwa hakuacha kuwauliza watu maswali, alikufa zamani sana kabla Kristo hajazaliwa. Halafu anakuja yule mfia dini uliyempenda, aliyekuwa mwanafalsafa na hata baada ya kubatizwa hakulivua joho la ualimu wake, anasema mbegu za Neno zilimwagwa kwa watu wote, na kila aliyeishi kwa kulifuata alikuwa wa Kristo hata kama hakumjua. Hata yule mzee. Nilikwambia huo ni utekaji. Mzee wa watu amekufa na yake, hamkumuuliza, mnamvalisha nguo zenu kaburini. Nikasema mimi niko upande wa yule mkali wa Afrika Kaskazini aliyetaka Athene ibaki iliko na Yerusalemu ibaki na mambo yake. Nikakutania kwamba hata jina “falsafa” mmelipata kwetu wa msikitini, Mnyamwezi umekuja na mzigo kichwani na mzigo wenyewe si wako.

Mama alipofariki ulikaa nami matanga yote. Siku moja ukasema taratibu kwamba mama naye alikuwa na mbegu. Nilikasirika, mtani. Nilikwambia mama yangu ana Mtume wake na dini yake, mwache alipolala. Ukasema sawa. Lakini sura hukuifuta. Uliongeza tu mwishoni kwamba wapo wanaoona huko ni kuwavuta wafu mahali ambapo hawakutaka kwenda, na hoja yao ina uzito. Hukunitaja jina, ila nilijua ni mimi.

Sasa wiki iliyopita amekuja Festo, kijana aliyeshika darasa lako. Ana adabu, shikamoo yake inafika kabla hajavua viatu. Akasema kitabu ni kirefu, na wenzake wangependa sura ya tatu iondolewe, waanze na mitume moja kwa moja. Anaona haipendezi wapagani kukaa mbele ya Mwokozi, na makatekista watachanganyikiwa. Shemeji amewaambia hakiondolewi kitu bila mimi kukubali, kwa hiyo alikuja kuniomba nikubali. Na nitakwambia kweli, Paskali, nilitaka kukubali. Si ndiyo sura niliyoipinga mwenyewe? Kichwa kilikuwa kinaniuma, nilichotaka ni aondoke nilale. Nikamwambia aje Jumamosi.

Ijumaa nikaenda kuswali. Baada ya swala niliinua mikono kuwaombea wangu kama kawaida, baba, mama, dada Zuhura. Na baada ya dada, ulimi ukakutaja wewe. Sikuutuma. Nilikuwa nimeshasema, Ewe Mola, mrehemu Pas... nikajikamata, nikanyamaza, mikono bado iko juu.

Nilimsubiri maalim hadi watu wakatoka, nikamuuliza kama yafaa nikuombee wewe uliyekufa Mkristo. Hakunikaripia. Alisema niwaombee subira waliobaki, mjane na watoto, na marehemu nimwachie aliyemuumba. Nikamshukuru, nikamwahidi nitafanya hivyo. Ni jibu la mtu mwenye elimu na sibishani nalo. Lakini nilirudi nyumbani na hasira ambayo sikujua ni ya nani.

Nikaketi mlangoni, hata viatu sikuvua. Hapo ndipo nilipowaelewa wale Wakristo wako wa mwanzo. Miaka yote nilikuwa nawaona kama wezi wa wafu. Sikuwahi kufikiri kwamba walikuwa wanafunzi. Walilelewa na wale Wayunani, kwao ndiko walikojifunza kuuliza na kupima jambo, na waliwapenda. Kisha wakapata imani, na imani ina mlango, wakageuka nyuma wakaona walimu wao wako nje. Sasa ufanyeje? Yule mkali aliweza kuufunga. Yule wa joho hakuweza. Akahangaika na maneno, akasema mbegu, akasema Neno lilikuwa nao tangu zamani, chochote kile, ilimradi mzee asibaki nje peke yake. Kama hoja yake ni sahihi mpaka leo sijui. Alichokuwa anakitafuta ndicho ninachokijua, maana Ijumaa ile na mimi nilikuwa nakitafuta.

Na wewe ulikuwa unamtafutia mama yangu kitu hicho hicho. Ulimpenda tu, Mnyamwezi wewe, na mimi nikasikia kama unamteka.

Festo alikuja Jumamosi kama tulivyokubaliana, amebeba karatasi za kitabu alizoazimwa na shemeji. Nikamwambia sura inabaki. Akauliza, kwa adabu ile ile, “Mzee wangu, wewe ni Mwislamu, hii inakuhusu nini?” Nilitaka kumweleza yote haya. Nikamwambia tu aisome tena huku akimkumbuka marehemu wake yeyote anayempenda. Aliitafuta sura hiyo kwenye zile karatasi, akaipitisha macho. Kisha akasema baba yake alikufa kabla ya kubatizwa. Nikamsogezea chai. Alipoondoka alikuwa amezikumbatia karatasi zote, na sura ya tatu ikiwa ndani.

Basi, mtani, ulale. Kitabu kitatoka na Wayunani wako wakiwa mbele, na ile aya yangu ya mwisho isiguswe, maana bado nakupinga. Leokadia nitampitia kila nikienda mjini, na watoto wako ni wangu, wameshaambiwa. Kuhusu lile jingine, nimempa maalim ahadi yangu na sitaivunja, sitakuombea. Ila nikimaliza kuwaombea wangu sitaishusha mikono mara moja. Nitakutaja jina, Paskali, kisha ninyamaze. Sitaomba kitu. Anayesikia anajua ninachotaka.

Mtani wako,
Shomari