Kanda Niliyoifuta

Atieno mjukuu wangu,

Hapa mtaani Umoja tu wazima, na mamako amepona mafua. Umeuliza kama kuna video ya marehemu babu yako, uitie kwenye filamu yako. Ilikuwepo. Miaka ya tisini alirekodiwa kwenye harusi ya dadake, akicheza na Rehema, fundi cherehani wa kule mtaa wa Tena. Kanda ilikuwa moja tu, ikawekwa kwetu. Kila nikiitazama, wivu ulinichoma. Siku moja nikaziba kwa selotepu kile kitundu kinachozuia kanda isifutwe, nikarekodi taarifa ya habari juu yake.

Mwishoni zimebaki sekunde chache: babu yako anamchekea Rehema. Nakutumia. Usimkate huyo mwanamke. Bado namwonea wivu, lakini ukimtoa, kicheko cha babu yako kitaondoka naye.

Nyanyako