Kigelegele Changu Mahakamani

Kivinje, Jumanne

...na bado wananiita "mdaiwa", kana kwamba nimekula mbuzi wa mtu. Kosa langu ni kuwa jaji wa mashindano ya ngoma za shule, nikawapa ushindi Kipatimu badala ya watoto wetu wa hapa Kivinje.

Mzee Sefu, ambaye binti yake Mwanaidi ndiye aliyeongoza ngoma ya Kivinje, amenishtaki: eti nilipiga kigelegele Kipatimu walipokuwa wanacheza. Ni kweli nilipiga. Kilinitoka tu.

Leo wakili wake akaniuliza, uso mkavu: "Mwalimu, kigelegele kile kilikuwa cha furaha au cha upendeleo?" Hakimu akaamuru nikirudie, apate kupima mwenyewe.

Nikakipiga. Wanawake wote mle ndani wakaitikia, maana huku kwetu kigelegele cha mwenzio hukiachi peke yake. Aliyeitikia kwa kirefu kuliko wote ni mke wa Mzee Sefu, aliyekaa nyuma yake pale pale.

"Mama Mwanaidi!" Mzee Sefu akageuka.

"Kimenitoka, baba."

Kesi imeahirishwa. Hakimu ameamuru siku ya kusikilizwa tena ngoma zenyewe ziletwe mahakamani. Naogopa kweli. Nikishindwa, nani tena atakubali kuwa jaji? Halafu yule hakimu, alipotaja ngoma nilimwona bega linamcheza...

Jioni nikapita uwanja wa shule. Mwanaidi alikuwa anawafundisha wenzake uchezaji ule ule wa Kipatimu uliowashinda, na anaucheza kuliko wenyewe.

"Shikamoo, mwalimu! Hebu tutazame!"

Nikatazama. Kisha nikajiziba mdomo kwa mtandio, nikaondoka mbio.