Sweta Kwenye Gunia la Vielelezo

3 Machi

Mwanangu mpendwa,

Hujambo huko kazini? Mimi mzima, ila magoti yananikumbusha umri. Nakuandikia kwa kalamu kwa sababu simu yangu waliibeba pamoja na redio za wateja, siku polisi walipovunja duka la ufundi la kaka yako. Sasa hakimu amekubali ombi letu, vitu virudishwe. Lakini askari aliapa mbele yake kwamba walikuta duka tupu, fundi katoroka, hawajamtia machoni. Mwaka mzima! Mtoto gani wa kutoroka bila kuaga? Jirani akifungulia redio, nakimbilia mlangoni nikidhani ni yeye.

Mama yako

21 Machi

Shikamoo Mama,

Magoti yanaendeleaje? Hongera, umewashinda kwa mdomo wako huo! Kachukue kila kitu, weka saini, usigombane na mtu. Waache waseme katoroka. Aliyetoroka yu hai, Mama. Hilo ndilo linalonipa usingizi.

Binti yako

9 Aprili

Marahaba mwanangu,

Nimerudi na gunia. Redio, koleo, na simu yangu iliyokufa. Chini kabisa nikakuta sweta lake. Ni lile alilotoka nalo asubuhi ile. Nilikuwa nimelishona kiwiko kwa uzi mwekundu, mweusi uliniishia, akanicheka eti nimempamba. Sasa kama duka lilikuwa tupu, walimvua nani? Nilimuuliza karani aliyenikabidhi gunia, akatazama dari. Shingoni limekakamaa kwa uchafu. Jana nililala nalo kifuani, naogopa, mwanangu.

Mama yako

18 Aprili

Mama, salamu baadaye. Usilifue! Uchafu huo ndio ushahidi wetu. Mpelekee wakili kama lilivyo, leo hii. Naomba ruhusa kazini, nakuja.

Binti yako

30 Aprili

Mwanangu,

Sijui nianzie wapi. Barua yako imenikuta nimeshalianika. Nilisema, akirudi asikute nguo chafu na mama yake yupo. Maji yalipogeuka mekundu, nikadhani ni ule uzi unachuja. Nikayamwaga, nikatia mengine, nikafikicha mpaka yakatoka meupe. Ole wangu! Nimemmwaga mwanangu mtaroni kwa mikono yangu, tena nikiimba.

Wakili amelipokea hivyo hivyo. Linanukia sabuni tu.

Mama yenu