Midomo ya Baba kwenye Pazia

Chieri, 22 Februari 1912

Kwa Baba,

Salamu. Mimi ni mzima, ila baridi imenipasua mikono. Wewe sijui, maana kwenye picha uliporomoka ngazi nzima.

Juzi, kwa ajili ya Karnivali, sherehe za kabla ya Kwaresima, masista walituletea mtu wa sinema, akatuonyesha kwenye pazia picha uliyoigiza. Mwokaji alikukimbiza mtaani, umejaa unga mpaka kwenye masharubu ya bandia. Tulicheka sana. Kisha midomo ya mwokaji ikasema, "Na yule binti yako kiziwi, hajambo?" Yako ikajibu, "Binti gani? Mimi sina mtoto."

Wenzangu wote waligeuka kunitazama. Hapa viziwi tunafundishwa kusoma midomo, Baba. Wewe ndiye uliyenileta.

Mwanao,
Ersilia

Torino, 1 Machi

Ersilia,

Mimi ni mzima, ila mgongo. Kwanza, adabu! Pili, mbele ya kamera kila mtu husema lolote, maana hakuna anayesikia. Mwokaji yule husali rozari huku akinipiga. Usinifanyie kesi kwa maneno ya kazini.

Pasaka baki huko huko. Chumba changu kidogo, na watu wa studio hawajui kwamba

Basi. Soma kwa bidii.

Baba yako

Chieri, 5 Machi

Kwa Baba,

Pole na mgongo. Hawajui kwamba nini? Sista Benedetta hutukata alama kwa sentensi isiyokwisha.

Jina langu sasa ni Binti Gani. Wananiita hivyo mezani, kwa midomo tu, ili masista wasijue. Usiniandikie tena mpaka uwe na neno la kweli.

Aliyekuwa mwanao,
Ersilia

Chieri, 20 Machi

Kwa Baba,

Natumaini hujavunjika. Barua yako haikuja. Lakini jana, sikukuu ya Mtakatifu Yosefu, tulipewa maandazi na picha mpya. Ulitumbukia kwenye pipa la dobi. Ulipoibuka na povu kichwani, ulimsukuma dobi kando, ukatutazama sisi. Ulisema polepole, kama Sista Benedetta anavyotaka:

"Ninaye binti. Anaitwa Ersilia. Mkaidi kama punda, na Pasaka anakuja nyumbani."

Masista walicheka mpaka wakafuta machozi, maana waliona povu tu. Wenzangu hawakucheka. Waligeuka wote kunitazama.

Bado nimekukasirikia. Nipande treni ya saa ngapi?

Mwanao,
Ersilia